Imani Isiyo na Imani: Neno Moja na Maana Zake Katika Maisha ya Pipeline, Nairobi

Utangulizi

Yapo maneno ambayo kutumiwa kwake kila siku kumeyafanya yasiulizwe tena. Neno imani ni mojawapo. Huhubiriwa msikitini na kanisani, huandikwa katika katiba, huitwa watoto, na bunge likitaka kumwondoa kiongozi hupiga kura ya kutokuwa na imani naye. Makala haya yanakusudia kulichunguza neno hilo kwa kuuliza swali moja la kimaadili: je, mtu aweza kuwa na imani huku akiwa hana imani? Kwa msikilizaji asiyekijua Kiswahili vizuri, swali hili ni mkinzano mtupu. Kwa mzawa wa lugha ni swali lenye maana, tena lenye uchungu, kwa kuwa imani ya kwanza ni ya dini na ya pili ni ya moyo unaomhurumia mwenzake.

Mahali palipoteuliwa kuwa uwanja wa uchunguzi huu ni Pipeline, mtaa wa Embakasi ulioko mashariki mwa Nairobi. Hapa neno lililokomaa katika miji ya pwani limehamia kwenye majengo ya ghorofa saba, nane na zaidi, miongoni mwa watu waliotoka pembe mbalimbali za nchi na ambao wengi wao walijifunza Kiswahili baada ya lugha nyingine. Inadaiwa hapa kwamba wingi wa maana za neno imani ni mali ya kimaadili ya lugha yenyewe, lakini pia ni mwanya wa hila; na kwamba mwenye kuitumia mali hiyo hana budi kuujua mwanya huo.

Neno na ukoo wake

Imani imetokana na mzizi wa Kiarabu wenye konsonanti tatu, hamza, mimu na nuni, ambao dhana yake ya msingi ni usalama na kutokuwa na hofu. Kiswahili hakikupokea neno moja tu la mzizi huo, bali kilipokea ukoo mzima: amini, imani, amani, amana, muumini. Amina, linalofunga dua na sala, limetokana na Kiebrania, lugha iliyo ndugu ya Kiarabu, na mzizi wake ni huo huo. Dhamana, ingawa sauti yake inashawishi, si mmoja wa ukoo huu. Mzizi wake ni mwingine, na tofauti hiyo itakuwa na umuhimu hapa chini.

Kiswahili hakikukaa na wageni hawa bila ya kuwafanyia kazi. Kiliwavika viambishi vyake, kikapata aminika, aminiana, aminisha, uaminifu. Yafaa kutazama jozi moja ya maneno haya: mwamini na mwaminifu. Mwamini ni yule aaminiye. Mwaminifu ni yule aaminikaye. Kwa kuongeza kiambishi -fu tu, lugha inamhamisha mtu kutoka upande wa anayetazama hadi upande wa anayetazamwa. Ni hatua fupi katika mofolojia, lakini katika maisha huenda mtu akaishi miaka sitini bila ya kuivuka.

Kwa jumla, imani ina maana kuu tatu katika matumizi. Ya kwanza ni kukubali ukweli wa jambo lisiloonekana, hususan la dini. Ya pili ni tumaini ambalo mtu huliweka kwa mwenzake, kama asemapo mwajiri kwamba ana imani na mhasibu wake. Ya tatu ni huruma. Mtu wa Lamu, wa Mombasa au wa Unguja akisema "mwonee imani mtoto wa watu," hazungumzii itikadi yoyote, anaomba upole. Akisema fulani hana hata chembe ya imani, hamwiti kafiri, anamwita katili. Maana mbili za kwanza zinafahamika pia katika Kiarabu. Ya tatu ndiyo ambayo Kiswahili kimeikuza na kuifanya yake.

Je, ni neno moja au matatu?

Mwanaisimu mwangalifu atapinga mapema. Atasema kwamba asili ya neno haimfungi mtumiaji wake wa leo, na kwamba kufanana kwa sauti si hoja. Paa ni sehemu ya nyumba, ni mnyama wa porini, na ni kitendo cha kwenda juu. Hakuna mwanafalsafa atakayejenga maadili juu ya sadfa hiyo. Kwa nini basi imani isiwe homonimia ya aina hiyo?

Pingamizi hili ni la haki, na jibu lake halimo katika kamusi bali katika sikio la msemaji. Sentensi "paa amepanda juu ya paa" huchekesha kwa sababu maana zake mbili hazijuani. Lakini sentensi "ana imani nyingi, imani hana" haichekeshi. Inashtaki. Mshtakiwa akiisikia hawezi kujitetea kwa kusema kwamba hayo ni maneno mawili tofauti, maana kila aliyesikia ameshaelewa kwamba la pili lilipaswa kutoka ndani ya la kwanza. Hiyo ndiyo alama ya polisemi iliyo hai: maana zinadaiana.

Jambo la namna hii halikutokea katika Kiswahili peke yake. Wilfred Cantwell Smith, mtaalamu wa dini kutoka Kanada, alionyesha katika kitabu chake Faith and Belief (1979) kwamba kitenzi cha Kiingereza cha kuamini hapo kale kilikuwa karibu na kupenda na kuweka nadhiri ya uaminifu, kisha karne zikakisogeza hadi kikawa kukubali tu kwamba kauli fulani ni ya kweli. Imani ikatoka kifuani ikapanda kichwani. Swali kwa wanaozungumza Kiswahili ni kama safari hiyo inawahusu nao pia.

Vyanzo vya dini zenyewe vinapinga safari hiyo. Mapokeo ya Kiislamu yanasimulia kwamba watu wa Makka walimwita Mtume Muhammad Al-Amin, yaani mwaminifu, kabla hajapewa utume. Uaminifu kwa watu ulitangulia wito wa kuaminiwa katika habari za Mungu. Imepokewa pia hadithi isemayo kwamba asiyechunga amana hana imani. Kwa upande wa Wakristo, Waraka wa Yakobo, katika sura ya pili, unamkemea anayemwona ndugu hana nguo wala chakula, kisha anamuaga kwa kumtakia amani bila ya kumpa kitu. Msomaji wa tafsiri ya Kiswahili ya 1952 anapata pale jambo ambalo msomaji wa Kiingereza halipati: imani na amani zinasikika pamoja, ndugu wawili wa mzizi mmoja, mmoja akitumiwa kumkwepa mwingine.

Ushahidi wa fasihi

Fasihi ya Kiswahili imelijua jambo hili kwa muda mrefu. Katika Utendi wa Mwana Kupona, uliotungwa mnamo 1858, mama aliye mgonjwa anamuusia bintiye ashike dini, na papo hapo anaendelea kumfundisha jinsi ya kuishi na watu: adabu, ulimi, wema kwa jamaa na majirani. Wahakiki wa kisasa wamejadiliana sana, tena kwa haki, juu ya nafasi ya mwanamke katika utenzi huo. Hata hivyo, mpangilio wake unadhihirisha kwamba kwa mtunzi huyo wajibu kwa Mola na wajibu kwa binadamu ni wasia mmoja.

Rosa Mistika ya Euphrase Kezilahabi, iliyochapishwa 1971, inaonyesha hali kinyume. Rosa analelewa katika mazingira ya Kikatoliki, chini ya baba ambaye ukali wake dhidi ya maingiliano ya bintiye na wanaume haumzuii yeye mwenyewe kuwa mlevi. Mwanamume aliyetaka kumwoa, anapogundua kuwa si bikira anamwacha, na Rosa anajiua. Hakuna katika riwaya hiyo anayekosa dini. Kinachokosekana ni imani kwa maana ya tatu, na kukosekana huko kunaua. Kezilahabi anaipeleka kesi mbele ya Mungu mwishoni mwa riwaya, kana kwamba hapa duniani hapakubaki mahakama inayoweza kuzisikiliza maana zote za neno hilo kwa pamoja.

Siasa nayo ililiazima neno. Sehemu ya kwanza ya Azimio la Arusha la 1967 inaitwa "Imani ya TANU," na yanayotajwa humo ni usawa wa binadamu na haki za raia. Matumizi hayo yalikuwa ya busara: chama kiliungama kama waumini waungamavyo, lakini kilichoungamwa kilikuwa jinsi ya kumtazama mwenzako. Katiba ya Kenya ya 2010 imeshika njia nyingine. Ibara ya 32 inalinda uhuru wa dhamiri, dini, imani na maoni. Ulinzi huo ni wa lazima, na aliyepata kuteswa kwa sababu ya dini yake anajua thamani yake. Lakini katika lugha ya sheria imani imekuwa mali ya mtu binafsi, kitu anachokimiliki ndani yake na ambacho jirani hana dai juu yake.

Imani katika ghorofa

Pipeline ni mahali ambapo jirani ana madai mengi. Mtaa huu umepata jina kutokana na Kampuni ya Mabomba ya Mafuta ya Kenya, iliyoundwa 1973. Chumba cha kawaida ni cha futi 10 kwa 10. Vyumba hupangwa kandokando ya ujia mmoja, na choo na bomba ni vya wengi. Marie Huchzermeyer alieleza katika kitabu chake cha 2011, Tenement Cities, jinsi majengo ya aina hii yalivyoenea Nairobi. Mario Schmidt naye, katika kitabu cha 2024, ameandika juu ya wanaume waliohamia Pipeline kutoka mashambani na shinikizo la kutakiwa wafanikiwe. Wapangaji huja na kuhama. Anayelala nyuma ya ukuta leo huenda mwezi ujao akawa mwingine. Undugu wa damu, ambao kijijini ndio uliobeba kuaminiana, hapa hautoshi. Kuaminiana hakuna budi kuundwa upya, na huundwa kwa vitu vidogo: unga wa kukopa, mtoto wa kuangaliwa hadi jioni, ufunguo wa kuachiwa, zamu ya chama.

Mwenye duka la chini hukopesha kwa utaratibu. Mpangaji mgeni hapewi. Aliyekopa kidogo akalipa hupewa zaidi. Hii ni imani ya maana ya pili, nayo hufuata ushahidi. Methali isemayo kukopa harusi, kulipa matanga, inayopendwa sana kutundikwa madukani, haimtukani mteja. Inamkumbusha tu kwamba uaminifu hupimwa siku ya kulipa.

Kodi ya nyumba ina mantiki nyingine. Anayeingia hutakiwa kulipa, pamoja na kodi ya mwezi wa kwanza, fedha za dipoziti, ambazo katika Kiswahili rasmi huitwa amana. Hapa jina limepotosha kitu. Amana ni kile ninachokiacha kwako kwa kuwa ninakuamini. Dipoziti ni kile unachokichukua kwangu kwa kuwa huniamini. Jina lake halali ni dhamana, neno ambalo, kama ilivyoonyeshwa, si la ukoo wa imani. Anayedaiwa athibitishe uaminifu wake ni mpangaji, ilhali mwenye nyumba hatakiwi kuweka chochote. Naye aliyechelewesha kodi huweza kurudi jioni akute mlango umetiwa kufuli jingine. Keateka aliyelitia huenda akawa muumini mzuri, na huenda akawa na huruma pia, lakini akimwonea imani kila mpangaji atapoteza kazi na chumba chake mwenyewe. Haifai basi kuandika juu ya Pipeline kana kwamba wema ungetosha. Mpangilio wa mali umefanya imani ya tatu iwe anasa kwa baadhi ya watu wanaoikiri ya kwanza kwa dhati.

Inafaa pia kutaja kwamba katika Kiswahili cha Nairobi maana hii ya tatu husikika kwa nadra. Kazi yake imechukuliwa na neno huruma, ambalo jiji limelipa hata mtaa mzima. Huenda mtu akasema hakuna hasara, maadamu dhana imebaki na jina limebadilika tu. Hasara ipo. Huruma inaweza kumsifu mtu mpole, lakini haiwezi kumshtaki muumini kwa neno lake mwenyewe. Asemaye "fulani ana imani lakini hana huruma" ametaja sifa mbili, moja ipo na moja haipo. Asemaye "ana imani lakini hana imani" ameitilia shaka ile ya kwanza. Wakati huohuo tendo lenyewe halijatoweka. Mama anayempa mtoto wa jirani uji bila ya kuuliza mzazi wake alipo anafanya kile ambacho pwani huitwa kuona imani, hata kama hana tena neno hilo mdomoni.

Yambwa iliyofichwa

Hatari kubwa zaidi imo katika sarufi. Kitenzi amini kinapomhusu mtu hudai kiambishi cha yambwa: ninamwamini, wanamwamini. Msemaji analazimika kuonyesha kwamba yupo anayeaminiwa, na msikilizaji ana haki ya kuuliza ni nani. Nomino imani haina sharti hilo. "Uwe na imani," "toa kwa imani," "pokea kwa imani": sentensi zimekamilika, na hakuna aliyetajwa. Makanisa ya vyumba vya kukodi na ya mabati yaliyotapakaa Eastlands hutumia sana kauli za namna hii, hasa pale sadaka inapoitwa mbegu na mtoaji anapoahidiwa mavuno. Mtoaji huenda anatoa fedha za kodi ya mwezi. Akiambiwa atoe kwa imani, anamwamini nani? Mungu, au aliyeshika kikapu? Nomino inawaruhusu wote wawili wakae mahali pamoja pasipoonekana.

Tofauti ya wawili hao si ndogo. Imani ya kwanza inahusu yasiyoonekana, na kwa hivyo haidai risiti. Imani ya pili inahusu watu, nayo ina haki ya kudai ushahidi, kama mwenye duka anavyojua. Imani ya tatu haingoji ushahidi kwa sababu njaa ya mtu haihitaji kuthibitishwa sana. Udanganyifu huanza pale binadamu anapojitwalia msamaha wa kutohojiwa ambao muumini alikuwa amemwekea Mungu peke yake. Fedha iliyotolewa ni amana, na amana ina hesabu. Anayeuliza hesabu yake hajapungukiwa na imani. Amekumbuka tu maana ya pili ya neno.

Mnamo Aprili 2023 nchi ya Kenya ilionyeshwa mwisho wa njia hii. Katika msitu wa Shakahola, Kaunti ya Kilifi, makaburi yalianza kufukuliwa, na baadaye idadi ya miili ikapita 400, mingi ikiwa ya watoto. Walikuwa wafuasi wa mhubiri aliyedaiwa kuwafundisha kwamba kufunga hadi kufa ni njia ya kukutana na Yesu. Istilahi iliyoenea katika mazungumzo ya umma ilikuwa imani potofu. Istilahi hiyo si kosa, lakini ni dhaifu. Inachukulia kwamba ugonjwa ulikuwa katika mafundisho peke yake, na kwamba ili kuugundua ilihitajika elimu ya dini. Kulikuwa na kipimo rahisi zaidi, na kimo ndani ya lugha ya pwani iyo hiyo. Mtoto alilia kwa njaa, na aliyemnyima chakula hakumwonea imani. Hapakuhitajika fasiri ya maandiko ili kujua kwamba imani ile haikuwa na imani.

Itasemwa kwamba hoja hii inaipunguza dini hadi ibaki kuwa tabia njema tu. Sivyo. Muumini ana haki ya kushikilia kwamba imani yake inamwelekea Mungu kwanza, na kwamba thamani yake haitokani na faida ya jirani. Kinachodaiwa ni kidogo kuliko hicho: kwamba imani kwa Mungu haionekani kwa macho, na kwa hivyo mwenye kuidai mbele ya watu hana ushahidi mwingine wa kuwapa ila uaminifu wake kwao na huruma yake juu yao. Ukoo wa neno umemwekea mashahidi wawili, na asiyeweza kumwita hata mmoja hawezi kulalamika akitiliwa shaka.

Hitimisho

Makala haya yameonyesha kwamba imani katika Kiswahili ni neno moja lenye maana tatu zinazodaiana, na kwamba madai hayo yameifanya lugha iweze kumhukumu muumini kwa kipimo chake mwenyewe. Yameonyesha pia kwamba nomino hiyo hiyo huweza kumficha anayeaminiwa, na kwamba maficho hayo yana wanaofaidika nayo. Kazi ya mwalimu wa lugha na ya mhakiki ni mbili hapa. Ya kwanza ni kuirudisha maana ya tatu katika vitabu vya shule na katika mazungumzo ya miji ya bara, ili isibaki kuwa lahaja ya wazee. Ya pili ni kuwazoesha wanafunzi, kila wanaposikia nomino imani imesimama peke yake, kuigeuza kuwa kitenzi na kuuliza yambwa yake ni nani. Katika mtaa ambako fedha ya sadaka na fedha ya kodi hutoka mfukoni mmoja, swali hilo la sarufi linaweza kuamua kama mlango utakutwa wazi jioni au umefungwa.